Maswali ya Wasomaji: Fuvu Kifuani, Fuvu Usoni

SWALI: Ndugu Mhariri, kijana wangu wa kidato cha pili alirudi kutoka mnadani na fulana nyeusi ya mtumba yenye fuvu kubwa jeupe, ambalo meno yake marefu yanashuka hadi tumboni. Nilipomuuliza kwa nini avae alama ya mauti, alinijibu kwamba huyo ni shujaa wa vitabu vya katuni vya Marekani. Wiki hiyo hiyo nilimkuta akitazama filamu ambayo adui wake mkuu naye ana fuvu, tena jekundu, mahali pa uso. Je, katika hadithi hizo fuvu ni alama ya mtu mwema au ya mwovu? — *Mzazi, Morogoro.*

JIBU: Ndugu mzazi, fuvu tulilolizoea sisi ni lile linalochorwa pamoja na neno «Hatari» kwenye nguzo za umeme, nalo halisemi kwamba umeme ni mwovu, bali linakuonya usiguse. Ukilisoma fuvu la katuni za Kimarekani kwa namna hiyo hiyo utakuwa umekaribia jibu, kwa sababu ni alama ya kutisha, na wema au uovu wa aliyeivaa hutegemea ni nani anayekusudiwa kutishwa.

Huyo mwekundu ndiye mkongwe. Red Skull alitokea katika toleo la kwanza la *Captain America Comics*, la Machi 1941, kazi ya Joe Simon na Jack Kirby, ambao kwenye jalada walimchora shujaa wao akimtandika Hitler ngumi ya taya, wakati Marekani yenyewe ilikuwa bado haijaingia vitani. Kwa kuwa askari wa SS, kikosi cha Hitler, walivaa nembo ya fuvu kwenye kofia zao, mtu angedhani wazo lilitoka huko moja kwa moja. Lakini Simon alisimulia baadaye kwamba lilimjia alipokuwa akiitazama aiskrimu iliyomiminiwa chokoleti ya moto na kuwekewa cheri juu. Red Skull wa kwanza alikuwa Mmarekani mwenye kiwanda cha ndege, na fuvu lake lilikuwa kinyago tu. Hadithi za miaka ya 1960 ndizo zilizomleta yule tunayemfahamu leo, mhudumu wa hoteli aliyefunzwa ukatili na Hitler mwenyewe.

Mwaka huo huo wa 1941 alitokea pia Black Terror, mfamasia aliyepigana na wahalifu akiwa na fuvu na mifupa miwili kifuani, alama ile ile iliyozoeleka kwenye chupa za sumu. Huyu alikuwa mtu mwema bila shaka yoyote. Utaona basi kwamba tangu mwanzo fuvu lilikuwa la pande zote mbili.

Fulana ya kijana wako ni ya Punisher, yaani Mtoa Adhabu, na hapa naomba nimsahihishe kijana kwa upole. Mtu huyu hakubuniwa kuwa shujaa. Alipotokea katika toleo la 129 la *The Amazing Spider-Man*, la Februari 1974, alikuwa muuaji wa kukodiwa, aliyeaminishwa kwamba Spider-Man ni mhalifu anayestahili kufa. Mwandishi Gerry Conway alikuwa amemchorea fuvu dogo upande mmoja wa kifua. Msanii John Romita ndiye aliyelipanua likajaza kifua chote, na meno yake akayafanya kuwa mkanda wa risasi. Kwa maoni yangu, hiyo ni mojawapo ya nembo bora kuliko zote katika sanaa hiyo, kwa kuwa hata ikichapwa vibaya kwenye karatasi hafifu, mtoto ataitambua kutoka ng'ambo ya barabara.

Wasomaji walimpenda, na matoleo yaliyofuata yakampa jina, Frank Castle, pamoja na kisa: askari aliyerudi kutoka Vietnam, ambaye mkewe na watoto wake wawili waliuawa na majambazi katika bustani ya Central Park mjini New York. Tangu hapo amekuwa akiwaua wahalifu bila kuwafikisha mahakamani, jambo ambalo Captain America na Spider-Man hawalikubali. Nembo yake ilipotoka vitabuni ikaenda mbali zaidi: askari wa Marekani waliichora kwenye magari yao nchini Iraq, na baadhi ya polisi wa nchi hiyo wakaibandika kwenye magari ya doria. Conway alichukizwa, akieleza kwamba Punisher anawakilisha kushindwa kwa mfumo wa haki, hivyo mlinzi wa sheria hana sababu ya kumvaa. Katika kitabu kimoja cha mwaka 2019, Castle mwenyewe anaichana nembo hiyo mbele ya polisi wawili na kuwaambia kwamba wakitaka mtu wa kumwiga wamtafute Captain America. Mwaka 2022 kampuni ya Marvel, inayochapisha hadithi zake, ilimvalisha fuvu jipya lenye pembe.

SWALI: Ghost Rider aliingia mkataba na shetani. Anawezaje kuhesabiwa miongoni mwa mashujaa? — *Msomaji, Kisumu.*

JIBU: Kabla ya 1971 asingeweza hata kuchapishwa kwa urahisi. Kanuni ambazo wachapishaji wa katuni walijiwekea mwaka 1954, baada ya malalamiko yaliyofika hadi Baraza la Seneti, zilipiga marufuku wafu wanaotembea na viumbe wa namna hiyo. Kanuni zilipolegezwa, Marvel haikuchelewa, na Agosti 1972 Johnny Blaze, ambaye ndiye Ghost Rider, alikuwa tayari juu ya pikipiki, kichwa chake kikiwa fuvu linalowaka moto. Anahesabiwa shujaa kwa sababu ya nia yake, kwani hakuomba mali wala nguvu, bali alimwombea mlezi wake apone saratani. Ibilisi alitimiza ahadi kwa hila: saratani ilipona, mzee akafa katika mchezo wake wa kurusha pikipiki juu ya magari, na Blaze akabaki na deni analolivaa usoni kila usiku.