Mtoto Anayejifanya Daktari Anajifunza Nini?

SWALI: Binti yangu wa miaka 5 hushinda akijifanya daktari badala ya kushika daftari. Je, nimkataze?

JIBU: La hasha, ndugu msomaji. Mtoto anayemsihi mwanasesere atulie achomwe sindano, kisha akambembeleza "anapolia", anajifunza kupanga maneno, kujizuia ili asitoke nje ya nafasi aliyojipa, na kuielewa hofu ya mgonjwa akiwa mwenyewe salama. Mwanasaikolojia Lev Vygotsky alieleza kwamba katika mchezo wa namna hii mtoto hutenda mambo yaliyozidi umri wake. Tena kucheza ni haki yake, iliyotajwa katika ibara ya 31 ya Mkataba wa Haki za Mtoto wa mwaka 1989. Daftari lipewe muda wake. Ila akikuomba uwe mgonjwa, kubali, na umwachie yeye uamuzi wa dawa.