Orion kugeuka kijani, kisha nyota kuwa za waridi

Ndugu wa Bukavu, umeuliza kwa nini M42, ile nebula ya Orion (wingu la gesi angani), inakutokea kijani kwenye foto ukishaivuta, yaani ukishaikuza mwanga wa sehemu zake hafifu kwa programu, na ukishusha kijani nyota zote zinakuwa za waridi. Mimi napigia foto Himbi, Goma, kwa apareyi (kamera) ya kawaida tu. Shida yako ni hesabu: unazidisha pale panapotakiwa kutoa.

Mwanga wa anga (taa za mji, ukungu wa ziwa, na huku kwetu volkano ya Nyiragongo) hujijumlisha juu ya picha nzima. Kilichojumlishwa hutolewa. Tuseme mahali patupu pa anga kijani kinasoma 1200, nyekundu 700. Ukikizidisha kijani kwa namba iliyo chini ya moja mpaka kishuke 700, anga linatulia, lakini nyota yenye kijani 40,000 nayo inaporomoka hadi 23,300 hivi. Waridi ndipo linapozaliwa. Ukitoa 500, nyota inabaki na 39,500.

Kwa hiyo fanya haya picha ikiwa bado nyeusi, kabla ya kuvuta chochote. Kwenye Siril (programu ya kuchakata foto za anga) anza na kuondoa mandharinyuma, na nukta za sampuli, zile programu inapopimia anga tupu, ziweke kwa mkono. Zilizoangukia nebula zifute, la sivyo mawingu yake hafifu yataliwa. Hatua hii mimi siiruki kamwe. Volkano ikiwaka, upande wa kaskazini wa foto unakuwa mwekundu, na mtu anaweza kushangilia akidhani amepata mwanga mwekundu wa haidrojeni ya nebula!

Kuzidisha kunafuata, maana sensa haipokei rangi zote kwa nguvu sawa. Iachie programu ilinganishe rangi za nyota zako na orodha ya nyota zilizopimwa, kama ya chombo cha anga cha Gaia.

Sasa vuta, chaneli zote tatu (nyekundu, kijani, bluu) pamoja, kidogo kidogo. Napendelea asinh, njia mojawapo ya kuvuta: kila pikseli inapata kizidisho kimoja kwa rangi zake zote tatu, uwiano haupotei.

Kifaa cha kufuta kijani kiguse mwishoni, tena kwa mkono mwepesi. Katikati ya M42 kuna kijani-bluu halali cha oksijeni, nanomita 500.7. Wekundu nao usiulazimishe. Kichujio cha apareyi ya dukani huzuia sehemu kubwa ya mwanga wa haidrojeni wa nanomita 656.3.

Waridi likibaki kwenye viini vya nyota kubwa peke yake, hizo ni pikseli zilizojaa mwanga hadi kikomo. Hapo punguza sekunde za kila foto, kwa sababu rangi ya pikseli iliyojaa hairudi kwa programu yoyote.