Nani Aliyeuandika Mwisho Wao? Maswali ya Wasomaji Kuhusu Fasihi

SWALI: Mwalimu, shikamoo. Mimi ni mwanafunzi wa fasihi katika chuo kimoja hapa Mtwara, na ninaishi Shangani. Katika somo la fasihi linganishi tumepewa kazi tatu za Magharibi zenye wahusika wanawake wanaopendana kimapenzi: hadithi ya Carmilla ya Sheridan Le Fanu, riwaya ya The Well of Loneliness ya Radclyffe Hall, na tamthilia ya The Children's Hour ya Lillian Hellman. Katika ya kwanza mwanamke anachomwa kigingi na kukatwa kichwa, katika ya pili anabaki mpweke, na katika ya tatu anajipiga risasi. Wenzangu darasani wanasema huo ni ushahidi kwamba hata Wazungu wenyewe walijua kuwa njia hiyo haina mwisho mwema. Jibu hilo halijaniridhisha, lakini sina la kuwaambia. Miisho hii inatufundisha nini hasa?
Msomaji wa Shangani, Mtwara

JIBU: Marahaba, binti yangu. Una haki ya kutoridhika. Kabla ya kuuchukua mwisho wa kitabu kuwa ushahidi wa jinsi watu walivyoishi, ni lazima tuulize ni nani aliyekuwa na uwezo wa kukizuia kitabu hicho kisiwafikie wasomaji, na alidai nini ili akiachie kipite. Kwa kazi za aina hii, hasa zilizoandikwa kabla ya miaka ya 1960, swali hilo lina majibu yanayojulikana kwa majina na kwa tarehe.

Nitaanza na tamthilia ya Hellman, iliyopanda jukwaani New York mwaka 1934, kwa kuwa hapo tumebahatika kuweza kulinganisha hadithi na tukio lililoizaa. Hellman alikitoa kisa chake katika kesi ya kweli ya mjini Edinburgh, ambako mwaka 1810 walimu wawili, Marianne Woods na Jane Pirie, waliharibikiwa na shule yao baada ya mwanafunzi mmoja kumweleza bibi yake kwamba walimu hao wana uhusiano wa kimwili. Bibi huyo, mwanamke mwenye cheo na jina kubwa, alimwondoa mjukuu wake na kuwatahadharisha wazazi wengine, na kwa muda mfupi tu shule ikabaki haina wanafunzi. Mpaka hapo tamthilia inafuatana na kisa. Lakini Woods na Pirie hawakujiua. Walimshitaki yule bibi kwa kuwachafulia jina, wakashinda, na shauri lilipofikishwa kwa njia ya rufaa hadi Baraza la Malordi mjini London, lililokuwa ngazi ya juu kabisa ya rufaa, wakashinda tena mwaka 1819. Katika tamthilia walimu wanashindwa mahakamani. Kisha Martha anamkiri mwenzake Karen kwamba kweli amekuwa akimpenda, anaingia chumba cha pili, na mlio wa risasi unasikika. Muda si mrefu bibi anabisha hodi akiwa amegundua kwamba mjukuu wake alisema uongo, na amekuja kuomba radhi.

Maiti ile, basi, haikutoka Edinburgh. Ilitoka katika desturi ya jukwaa la wakati ule, ambayo iliruhusu mwanamke wa aina hiyo atajwe kwa sharti kwamba asiwepo pazia linapoteremka. Na hata kwa malipo hayo tamthilia ilipigwa marufuku Boston, na mjini London ikanyimwa kibali cha kuoneshwa hadharani; ilipofanywa filamu mwaka 1936, jambo lenyewe liliondolewa kabisa na mahali pake pakawekwa ugomvi wa wanawake wawili na mwanamume mmoja.

Radclyffe Hall yeye alijaribu kudai haki waziwazi, na kilichompata ndicho kilichowatisha waandishi wengi waliomfuata. Riwaya yake ilitoka London mwaka 1928. Mhusika wake mkuu ni Stephen Gordon, mwanamke aliyepewa jina la kiume kwa kuwa wazazi wake walitarajia mtoto wa kiume, ambaye anaendesha gari la wagonjwa wakati wa Vita Kuu ya Kwanza na huko anampenda Mary. Ukikifungua kitabu hicho kwa kutafuta uchafu utapoteza muda wako, kwani tendo la ndoa limefunikwa na sentensi moja tu isemayo kwamba usiku ule wawili hao hawakutengana. Hata hivyo, mhariri wa gazeti la Sunday Express, James Douglas, aliandika kwamba ni heri kumpa kijana mwenye afya chupa ya sumu kuliko kumpa riwaya hiyo. Shauri likafika mbele ya hakimu Chartres Biron. Waandishi na wasomi wapatao 40 walikuwa tayari kutoa ushahidi wa kukitetea kitabu, Virginia Woolf na E. M. Forster wakiwa miongoni mwao. Hakimu alikataa kuwasikiliza na akaamuru nakala ziharibiwe.

Sasa itazame hukumu yenyewe, maana hapo ndipo jibu lako lilipo. Kilichomuudhi hakimu zaidi hakikuwa maneno machafu, ambayo hayakuwamo, bali kwamba kitabu kizima hakikuwalaumu watu hao popote. Angalia, na hapo ni baada ya Hall kumfanya Stephen aigize usaliti ili Mary amkimbie na kwenda kwa mwanamume anayeweza kumwoa. Mateso yote yale hayakutosha; mahakama ilitaka na hatia pia. Nchini Marekani kitabu kilisalimika mahakamani mwaka 1929, lakini Uingereza hakikuchapishwa tena hadi mwaka 1949, wakati Hall alikuwa amekwisha kufariki miaka sita nyuma. Nikiulizwa ladha yangu, nitasema ni riwaya nzito, yenye machozi kupita kiasi, na Stephen hujihurumia mahali ambapo ningependa afikiri. Lakini ladha ni jambo moja na kuchoma kitabu ni jambo jingine.

Mwaka uleule wa 1928 Virginia Woolf alitoa riwaya ya Orlando na hakuna aliyemgusa. Aliiandika kwa ajili ya Vita Sackville-West, mwanamke aliyempenda, na alimtaja wazi katika kutabaruku, ila mhusika wake alimfanya kijana wa kiume anayeishi zaidi ya miaka 300 na kuamka siku moja mjini Constantinople akiwa mwanamke. Wakubwa waliona mzaha, wakacheka, wakapita.

Wamarekani walilifanya jambo hili kuwa wazi zaidi, karibu kama kanuni ya ofisi. Mwaka 1952 Marijane Meaker, akitumia jina la Vin Packer, alitoa riwaya ya bei rahisi iitwayo Spring Fire, juu ya wasichana wawili wa chuo. Mhariri wake alikuwa amemweleza mapema kwamba mapenzi hayo yasiishe vizuri, kwa sababu vitabu husafirishwa kwa posta, na Idara ya Posta ikiona vinasifia jambo hilo inaweza kuvikamata. Kwa hiyo msichana mmoja akapelekwa hospitali ya wagonjwa wa akili, na wa pili akagundua ghafla kwamba hakumpenda mwenzake hata kidogo. Msomaji asiyejua habari ya posta atadhani mwandishi anatoa maoni yake juu ya akili za wanawake hao.

Mwaka huohuo Patricia Highsmith alitoa The Price of Salt, naye akijificha nyuma ya jina la Claire Morgan, baada ya mchapishaji wake wa awali kuikataa. Therese, muuza wanasesere katika duka kubwa, anampenda Carol, mke wa mtu aliye katika mchakato wa talaka. Mume anamtuma mpelelezi awafuate safarini na kunasa mazungumzo yao, na Carol anapoteza haki ya kumlea binti yake. Gharama hiyo haikufichwa. Lakini hakuna anayekufa, na katika ukurasa wa mwisho Therese anamfuata Carol ukumbini. Toleo la jalada jepesi liliuzwa karibu nakala milioni moja, na kwa miezi mingi barua zilimiminika kwa mchapishaji kutoka kwa wasomaji waliomshukuru mwandishi kwa sababu hiyo hasa. Highsmith hakukubali jina lake liwekwe juu ya kitabu hicho mpaka miaka ya mwisho ya uhai wake.

Kuhusu Carmilla, iliyotoka mwaka 1872, miaka 25 kabla ya Dracula, ile riwaya mashuhuri ya mnyonya damu, nitasema kidogo. Katika karne ya 19 waliomwandika mwanamke wa aina hii kwa wingi walikuwa wanaume, nao walimtumia kwa kutisha au kwa kusisimua: Balzac, mwandishi wa riwaya wa Ufaransa, alimwandika, mshairi Mfaransa Baudelaire aliandika mashairi ambayo mahakama ya Paris iliyaondoa katika diwani yake mwaka 1857, na Le Fanu akamfanya mnyonya damu. Lakini soma tena sentensi ya mwisho ya hadithi hiyo. Wanaume wamekwisha kuichoma maiti na kulitupa jivu mtoni, na bado Laura, msichana aliyeponea, anadhani anasikia hatua nyepesi za Carmilla mlangoni. Le Fanu alimuua jinsi desturi ilivyotaka, kisha akamwachia Laura kumbukumbu ambayo haifanani na chuki. Waulize wenzako wanaielezaje sentensi hiyo.

SWALI: Mwalimu mwenzangu, salamu kutoka Masasi. Mimi ni mwalimu mstaafu. Nilisoma fasihi ya Kiingereza miaka ya 1970. Tulisoma Shakespeare, tulisoma Dickens, na sikumbuki kukutana na mambo haya ya usagaji. Je, si kwamba ni uzushi wa miaka ya karibuni, ambao wahakiki wanaupachika katika vitabu vya zamani?
Mzee wa Masasi

JIBU: Shikamoo, mzee wangu. Ni kweli kwamba wapo wahakiki wa kupachika, na ninakubaliana nawe kuwa urafiki wa wanawake wawili katika kitabu cha zamani haupaswi kugeuzwa mapenzi kwa sababu tu umeandikwa kwa maneno matamu. Wanawake wa karne ya 18 na ya 19 waliandikiana barua za upole ambao leo ungewashangaza wajukuu wao. Lakini uzushi wa karibuni si. Sappho wa kisiwa cha Lesbos alitunga nyimbo za kuwatamani wanawake yapata mwaka 600 kabla ya Kristo. Nyingi zimepotea, vipande kadhaa tulivyonavyo vilifukuliwa katika majalala ya kale ya Oxyrhynchus, nchini Misri, kuanzia mwishoni mwa karne ya 19, na shairi lililotufikia likiwa zima kwa hakika ni moja tu. Waliokuja baadaye walimtafutia mpenzi wa kiume, mwenye chombo cha kuvusha watu, na Ovid wa Roma akaandika barua ya kishairi inayomwonesha Sappho akijiandaa kujirusha kutoka kwenye jabali kwa ajili ya mwanamume huyo. Unaona kwamba kumwandikia kifo ni kazi ya tangu zamani.

Na kama mlisoma Twelfth Night, mzee wangu, basi mlikutana nayo. Olivia anampenda Viola aliyevaa mavazi ya kiume, anamtumia pete, anamtangazia mapenzi yake, na Shakespeare anajinasua kwa kumleta kaka pacha wa Viola ili Olivia apate mtu wa kuolewa naye.

SWALI: Mwalimu, habari za kazi. Mimi ninaendesha maktaba ndogo hapa Lindi mjini, na tuna kikundi cha akina mama wanaosoma pamoja kila mwezi. Tumepata nakala za The Color Purple ya Alice Walker. Baadhi yetu waliona filamu ya zamani na wanasema Celie na Shug ni mashoga tu wa kawaida, yaani marafiki wa kike walioshibana. Aliyesoma kitabu anasema sivyo. Nani yuko sahihi?
Msomaji wa Lindi

JIBU: Dada yangu, aliyesoma kitabu yuko sahihi. Riwaya hiyo ya mwaka 1982, iliyoandikwa kwa njia ya barua na iliyompa Walker tuzo ya Pulitzer mwaka uliofuata na kumfanya mwanamke mweusi wa kwanza kuipata kwa riwaya, inasema wazi kwamba Celie na Shug wanalala pamoja na kupendana. Filamu ya Steven Spielberg ya mwaka 1985 ililipunguza hilo mpaka likabaki busu, na mwongozaji mwenyewe baadaye alikubali kwamba alililainisha.

Kitu ambacho ningependa kikundi chenu kikitazame kwa karibu ni mpangilio wa Walker. Shug anaingia nyumbani akiwa mgonjwa, tena ni hawara wa mume wa Celie, na Celie ndiye anayemwogesha na kumchana nywele. Baadaye Shug anampa kioo na kumwambia ajitazame mwili wake mwenyewe, yeye aliyekwisha kuzaa watoto wawili na hajawahi kuutazama. Kwetu mazungumzo ya namna hiyo angeyafanya kungwi ndani ya unyago, kwa sauti ya chini, na nadhani akina mama wa Lindi watakielewa kitendo hicho upesi kuliko wahakiki wengi. Kisha Shug anamwondoa Celie katika nyumba ya vipigo, na huko Memphis Celie anaanza kushona suruali za kuuza. Mwandishi hakumfanya Shug malaika pia: anamwacha Celie kwa miezi kadhaa kwa ajili ya kijana wa miaka 19, na Celie anaumia, anaishi, anaendelea kushona, na Shug anarudi. Hapa hakuna aliyeadhibiwa kwa kupenda. Anayelazimika kubadilika ni mume aliyekuwa akipiga.

Neno moja la tahadhari kabla hamjazigawa nakala. Ukurasa wa kwanza wa kitabu hicho unaeleza msichana wa miaka 14 akibakwa na mtu anayemjua kama baba yake, kwa lugha ya mtoto asiye na maneno ya kuficha. Zisomwe kwanza na watu wazima wa kikundi, na mwenye kumbukumbu chungu ya jambo hilo aambiwe mapema ili aanze na barua zinazofuata.