Kazi Isiyotajwa Jina

*Shikamoo mzee. Nawaandikia wachekeshaji wa redio hapa Tanga, ila jina langu halitajwi kamwe. Kazi hii ina maisha? – Mwandishi wa Kivulini*

Marahaba, mwanangu. Wawajua Ray Galton na Alan Simpson? Vijana wa London waliokutana hospitali 1948, wote wakiugua kifua kikuu. Humo humo wakaanza kuandikia redio ya wagonjwa. Kuanzia 1954 wakaandika kipindi cha mchekeshaji Tony Hancock pale redio ya BBC. Uingereza ikamcheka Hancock, wao wako nyuma na karatasi zao.

Kisikilize kipindi chao kimoja cha 1958. Jumapili mchana, mvua yanyesha, watu wamejikalia ndani hawana la kufanya. Hancock anahema. Anauliza saa. Anahema tena. Kimya kile kimeandikwa, ati! Mimi niliyekuwa nikijaza maneno kila sekunde kwa kuogopa kimya, niliona haya.

Kuhusu jina: lao lilisomwa kipindi kikiisha. Lako lidai kabla hujakabidhi mswada. Mimi nilinyamaza, stesheni moja ikarudia kazi yangu mara tatu, hata nauli sikupewa.