Mita 800, mita 1500, na siku zako zilizokatika

Mdogo wangu, nimesoma swali lako mara mbili. Una miaka 19, unakimbia mita 800 kwa 2:09, kocha amekwambia ukate kilo tano ndipo ushuke chini ya 2:05, na sasa ni mwezi wa nne hujaona siku zako. Unauliza kama hiyo ni kawaida kwa wakimbiaji, kama uhamie 1500, na kama umechelewa. Naanza na la siku zako, maana ndilo lililonila misimu miwili.

Si kawaida. Watakwambia ni kawaida. Mimi niliambiwa ni dalili kwamba mazoezi yamekolea, na nikaamini. Nilikuwa na miaka 21, muda wangu 2:06, nimekonda, na kwa miezi kadhaa nikawa kweli naenda kasi. Hapo ndipo mtego ulipo, kwa sababu saa inakupongeza wakati mwili unaisha. Usipokula chakula kinacholingana na kazi unayoifanya, mwili unaanza kubana matumizi: hedhi inakatika, estrojeni inashuka, na mifupa inayoitegemea homoni hiyo inadhoofika kimyakimya. Asubuhi moja nikiwa kwenye vipande vya mita 300, yaani mbio fupi za kurudiarudia zenye mapumziko katikati, nikasikia maumivu kwenye ugoko wa kushoto, mahali padogo, pa kufunikwa na kidole gumba. Nikamaliza vipande vyote. Nikaukimbilia mguu huo wiki tatu zaidi, nikiupaka dawa ya kuchua kila usiku. Nilipopimwa, mfupa ulikuwa na ufa.

Kwa hiyo nenda kwa daktari wiki hii, ukiweza umpate anayewajua wanamichezo. Mwambie hedhi ilikatika lini na unakula nini kwa siku nzima, bila kuficha. Atataka kwanza kuondoa sababu nyingine, ukiwemo ujauzito, usichukie. Omba wapime damu, na wasiishie kwenye wingi wa damu peke yake, waangalie na feritini, yaani akiba ya madini ya chuma. Mimi wingi wa damu ulisoma vizuri huku akiba imekauka. Nilikuwa nikifika mita 500 miguu inakataa, na mwaka mzima nilidhani ni woga. Vidonge vya chuma usivianze kwa kubahatisha kabla ya kipimo, chuma kikizidi nacho kinadhuru.

Kuhusu kocha, sidhani ana nia mbaya, wengi hurudia walichofundishwa. Lakini mpelekee maelezo ya daktari na umwambie wazi kwamba habari ya kilo imesimama mpaka hedhi irudi. Akishikilia kilo tano zake, tafuta kocha mwingine. Najua ni neno zito kwa mtu aliyekulea tangu ulipoanza kukimbia. Nilichelewa kulifanya, na bado linaniuma.

Sasa, umechelewa? Hapana kabisa. Kinachowatia mabinti pupa ni mifano kama wa Pamela Jelimo, aliyetwaa dhahabu ya mita 800 kwenye Olimpiki ya Beijing mwaka 2008 akiwa na miaka 18. Ni kweli, ilitokea. Lakini Kelly Holmes alishinda 800 na 1500 zote mbili Athens mwaka 2004 akiwa na miaka 34. Maria Mutola alishiriki Olimpiki kuanzia 1988 hadi 2008, na dhahabu yake ikaja mwaka 2000. Na Faith Kipyegon ninamtaja kwa mapenzi yote: alishinda 1500 Rio mwaka 2016, akajifungua mwaka 2018, mwaka uliofuata akarudi na medali ya fedha ya mashindano ya dunia Doha, kisha dhahabu za Olimpiki za Tokyo na Paris, na mwaka 2025 akiwa na miaka 31 akaishusha rekodi ya dunia hadi 3:48.68. Mwanamke anayezaa, anayerudi, na anayezidi kuwa na kasi. Tulipoanza sisi, ukishika mimba watu walikuaga kama unakwenda kuzikwa.

Kuhamia 1500 ni swali zuri, ila lisubiri afya. Nilihama nikiwa na miaka 25 kwa sababu mita 400 yangu iligoma kwenye sekunde 56, huku muda wangu wa mita 1000 ukizidi kushuka, yaani kasi iligoma lakini pumzi ikaongezeka. Angalia kitu hicho hicho kwako. Kwenye 800 unakimbia ndani ya njia yako kona ya kwanza, kisha mnamiminika wote kuelekea ndani, viwiko vinagongana, na ukikosea nafasi hapo hakuna muda wa kusahihisha. Kwenye 1500 kuna muda, lakini muda huo huo unakudanganya. Mbio yangu ya kwanza nilijibana kwenye njia ya ndani, nikajiona mjanja kwa kubana umbali. Kengele ikalia, mbele yangu migongo miwili, kulia kwangu mwingine amenifungia. Walipochomoka nilikuwa na nguvu tele na pa kupita sina. Tangu siku hiyo nikawa nakimbia kwenye bega la nje la mtu wa pili au wa tatu. Unaongeza mita chache kila kona, lakini ukitaka kutoka unatoka.

Nilimaliza nikiwa na miaka 31. Muda wangu bora wa 800, 2:03, niliupata nikiwa na 28, mzito kwa kilo nne kuliko nilivyokuwa kwenye ule msimu wa kukonda, na siku zangu zikija kila mwezi. Nilikuwa naziandika kwa kalamu nyekundu kwenye daftari lile lile la mazoezi, pembeni ya muda wa vipande. Anza na wewe leo. Majibu ya feritini yakitoka, niandikie pamoja na muda wako wa mita 400 na wa mita 1000, tuone kama 1500 inakufaa.