Bulul ya "kabla ya 1521": usimwamini muuzaji, wala maabara

Swali: Mimi ni Mtanzania, nafanya kazi Dubai. Kuna duka linaniuzia jozi ya bulul, zile sanamu za Waifugao wa Ufilipino zinazolinda ghala la mpunga. Ni nyeusi ti, zina matundu ya wadudu, na cheti chake kinasema zilichongwa kabla ya Wahispania kufika mwaka 1521. Muuzaji yuko radhi nikate kipande nikapime kaboni. Rafiki yangu naye ananiambia nipime mwenyewe nyumbani kwa sindano ya moto na siki. Kipi cha kuaminika?

Jibu: Kwanza weka hiyo sindano chini. Mti wa mwaka jana na mti wa miaka mia tatu vyote vikichomwa hunuka moshi, na wewe utabaki na tundu ambalo halikuwepo. Siki itakula ukoko wa juu, na ukoko huo ndio ushahidi mkubwa ulionao. Sanamu zilizoharibiwa na vipimo vya nyumbani huletwa mezani kwangu mara nyingi kuliko zilizoharibiwa na mchwa.

Kaboni nayo haijibu ulichouliza, na muuzaji analijua hilo, ndiyo maana hana wasiwasi. Kipimo kile husema mti ulikua lini. Patasi iliugusa lini, hakisemi. Anayeghushi hatafuti mti mbichi, anatafuta nguzo ya nyumba iliyobomolewa au ubao wa ghala kuukuu. Achonge leo asubuhi, maabara itakupa umri wa nguzo. Tena kwa mti uliokua kati ya mwaka 1650 hivi na 1950 majibu huja yametawanyika: huenda ni karne ya 17, huenda ni ya 18, huenda ni ya 19, chagua mwenyewe. Kinachojulikana kwa uhakika ni mti uliokua baada ya majaribio ya mabomu ya nyuklia ya miaka ya 1950 na 1960, kwa sababu yaliongeza kaboni ya mionzi hewani. Kwa hiyo kipimo humnasa mwongo mzembe. Mwongo hodari hupita.

Chukua tochi, umulike sanamu kwa ubavu. Mdudu wa mbao huacha tundu dogo juu, njia yake ikajipinda humo ndani. Ukikuta gotini au mgongoni mfereji ulio wazi, umekatwa kwa urefu na kingo zake bado kali, basi mti uliliwa kwanza ukachongwa baadaye. Matundu yaliyonyooka, yote ya upana mmoja, yametobolewa kwa mashine.

Kisha utazame weusi. Bulul iliyotumika imepakwa damu ya kuku na nguruwe katika matambiko ya mumbaki, kuhani wa Kiifugao, ikamwagiwa pombe ya mchele, ikakaa ghalani na kula masizi. Ukoko wa namna hiyo haulingani mwili mzima. Utaukuta mnene mabegani na magotini, umepasukapasuka, na umekonda pale ilipokuwa ikishikwa. Sanamu iliyo nyeusi sawasawa mpaka makwapani na chini ya kitako imepakwa siku moja. Sugua kitako kwa kitambaa cheupe kikavu. Kikitoka na weusi wenye mafuta, hiyo ni kiwi ya viatu, ujanja ule ule wa mti mweupe unaouzwa kwetu pwani kama mpingo.

Sasa nije kwenye linalonikera, nalo ni huo mwaka 1521. Mwaka huo Magellan, nahodha aliyetumwa na Hispania, alitia nanga kisiwani Cebu, akauawa kwenye kisiwa jirani cha Mactan na watu wa chifu Lapulapu, na mabaki ya msafara wake yakaondoka. Milimani katika kisiwa cha Luzon, kaskazini, kwa Waifugao, hakukutokea kitu. Legazpi, aliyeanzisha utawala wa Wahispania, alikuja 1565, Manila ikachukuliwa 1571, na baada ya hapo Wahispania walipeleka vikosi milimani tena na tena bila kuitawala Cordillera, yaani milima hiyo, sawasawa. Ngome zao za Kiangan, huko kwa Waifugao, ni habari za karne ya 19, na mwaka 1898 nchi ilikuwa imeshauzwa kwa Marekani. Mchongaji wa Kiifugao wa mwaka 1750 mtamweka wapi, kabla ya ukoloni au ndani yake? Cheti chako hakiwezi kujibu, kwa sababu aliyekiandika amechukua tarehe ya pwani akaibandika mlimani.

Kuna zaidi. Vitabu vya shule vilisema matuta ya mpunga ya Ifugao yana miaka elfu mbili. Mwanaakiolojia Stephen Acabado na wenzake walipochimba kijiji cha kale cha Kiyyangan, waliona mpunga wa majini umeshamiri huko baada ya Wahispania kuingia Luzon, na wanaeleza kwamba watu walipanda milimani kuwakwepa. Kama ndivyo, ghala na mlinzi wake vilistawi wakati wa ukoloni, nje ya mkono wake. Hilo kwangu lina fahari kuliko miaka elfu mbili ya kubuni. Lakini haliuziki.

Kinachouzika ni usafi wa "kabla". Mwaka 1914 José Marco aliipatia maktaba ya taifa kule Manila hati zilizodaiwa kuwa na sheria za mtawala Kalantiaw za mwaka 1433. Zilifundishwa shuleni, na serikali ikatoa nishani yenye jina hilo. Mwanahistoria William Henry Scott alipozichambua mwaka 1968 alionyesha ni za kughushi. Ajabu ni kwamba ushahidi wa kweli upo na haukuhitaji msaada wa mtu: bamba la shaba la Laguna la mwaka 900, linaloandika kufutwa kwa deni, na mtungi wa maziko wa Manunggul kutoka Palawan, ambao kifuniko chake kina watu wawili ndani ya mashua.

Na anayetafuta "kabla" tu huvipita vya baadaye kwa dharau. Uso wa kanisa la Miagao, kisiwani Panay, la mwaka 1797, una Mtakatifu Kristofa kambeba mtoto Yesu huku kashika mnazi, pembeni kuna mipapai na mipera. Mkono uliochonga pale haukuwa wa Mhispania wa Seville. Watakatifu wa pembe za ndovu wa Manila ni kazi ya mafundi Wachina, na sehemu ya pembe hizo ilitoka Afrika. Hao usiwaguse kabisa: biashara ya kimataifa ya pembe ilipigwa marufuku mwaka 1989, na wapo wanaochonga pembe mpya na kuzichovya chai zionekane za kale.

Swali ulilopaswa kuniuliza ni sanamu hizo zilitoka ghala la nani, na kwa karatasi gani. Mbao nne za mimbari ya kanisa la Boljoon, Cebu, zilitoweka miaka ya 1980. Februari 2024 Makumbusho ya Taifa ya Ufilipino ilizitangaza kama zawadi kutoka kwa wakusanyaji, na waumini wakadai mali yao hadharani. Kama makumbusho yenyewe hujikuta hapo, sembuse wewe na risiti ya duka. Sheria namba 10066 ya Ufilipino inataka kibali ili mali ya kitamaduni itoke nchini. Mwombe muuzaji kibali hicho. Kama sanamu ni za kale kweli na hana, usiguse. Akianza kukwambia kwamba "hizi ni za watalii tu, hazihitaji kibali", amekupa umri wa sanamu bila maabara: lipa bei ya mchongo mpya, ziweke mbali na kiyoyozi zisipasuke, na usizipake mafuta yoyote.