Koch na dawa ya kifua kikuu

Mwanangu mpendwa,

Umeniuliza kama ni kweli Robert Koch, yule daktari Mjerumani, ndiye aliyegundua dawa ya kifua kikuu. Hapana. Alichogundua ni bakteria wa ugonjwa huo, akamtangaza Berlin tarehe 24 Machi 1882.

Kazi ilikuwa kumwona. Bakteria huyu ana ganda lenye nta, rangi haimwingii upesi. Koch alichukua maji sentimita za ujazo 200, akatia sentimita ya ujazo moja ya rangi iitwayo bluu ya methilini iliyokolea kwenye spiriti, akaitikisa, kisha akaongeza sentimita ya ujazo 0.2 ya maji ya potashi ya asilimia 10. Sampuli ililowa humo saa 20 hadi 24. Ikipashwa moto wa nyuzi 40, nusu saa hadi saa moja ilitosha. Baada ya hapo akaipitishia vesuvini, rangi ya kahawia. Kila kitu kikageuka kahawia, vikabaki vijiti vyembamba vya bluu. Anayekatisha muda wa rangi ya kwanza haoni kitu, naye ataandika kwamba mgonjwa ni mzima.

Hakuridhika na kuona tu. Aliwaotesha juu ya majimaji ya damu yaliyogandishwa kwa joto, akayaweka kwenye nyuzi 37. Bakteria wengi huota kwa siku moja au mbili, lakini hawa huanza kuonekana wiki ya pili, kwa hiyo asiye na subira hutupa chupa yenye jibu ndani. Bakteria walioota humo akawadunga simbilisi wazima kwa sindano, simbilisi wakaugua, na vijiti vilevile vikapatikana miilini mwao.

Lakini uthibitisho wa namna hiyo hakuufanya mwaka 1890, alipotangaza tuberkulini kuwa tiba huku akificha ilivyotengenezwa. Ilikuwa mchujo wa bakteria wenye gliserini. Haikuponya, na wapo waliokufa. Leo jamii yake hutumika kwa kipimo cha ngozi tu.

Hilo linaniuma zaidi nikikumbuka visiwa vya Ssese, Uganda, alikotibu malale mwaka 1906 na 1907 kwa atoksili, dawa yenye aseniki. Vimelea vilitoweka kwenye damu, kisha vikarudi. Dozi ikapandishwa, na baadhi ya wagonjwa wakapofuka kabisa, maana aseniki huua neva ya jicho.

Dawa ya kwanza iliyomuua kweli bakteria wa kifua kikuu kwa wagonjwa, streptomaisini, ilipatikana Marekani mwaka 1943. Koch alikuwa ameshafariki tangu 1910.

Mama yako